Maghala Matatu, Hesabu Moja: Mwongozo wa Kuendesha Kompyuta Zilizotawanyika Kibiti na Delta ya Rufiji

Mwongozo huu ni wako wewe uliyekabidhiwa kompyuta ambazo haziko chumba kimoja. Pengine ni za BMU, yaani kikundi cha wavuvi cha kusimamia fukwe, pengine ni za mradi wa mikoko. Mimi nitashika mfano wa chama cha ushirika cha korosho, AMCOS, tuseme chenye ghala moja Kibiti mjini, la pili Nyamisati bandarini na la tatu Mbwera, ndani ya delta. Nimechagua korosho kwa sababu inabeba kila kinachosumbua: mzani, risiti, mzigo unaosafiri kwa boti, na pesa ambayo ikishalipwa mara mbili ni vigumu kuirudisha.

Mwenyekiti anachotaka kwako ni rahisi kukisema. Kompyuta tatu zifanye kazi kama moja. Karani wa Mbwera akipima gunia, Kibiti walione. Mkulima aliyesajiliwa Nyamisati asiambiwe Mbwera kwamba hayupo kwenye orodha. Wataalamu wa kompyuta wamelishughulikia ombi hilo kwa zaidi ya miaka arobaini, na misingi waliyoiweka ndiyo utakayoitumia hata kama hujawahi kuisoma darasani.

Mfumo endeshi wa kawaida, uwe Windows au Linux, ni msimamizi wa boksi moja. Unazigawia programu zako zamu ya kutumia kichakataji, nafasi kwenye kumbukumbu na faili kwenye diski. Kazi yake inawezekana kwa sababu ya mambo matatu ambayo kwa kawaida huyafikirii: kumbukumbu ni moja, saa ni moja, na umeme ukikatika vyote vinazimika pamoja. Ukitawanya kompyuta, unavipoteza vyote vitatu kwa mpigo. Nyamisati haioni kumbukumbu ya Kibiti. Saa zao hazilingani. Na Mbwera inaweza kuzimika saa sita mchana huku Kibiti ikiendelea kuitumia ujumbe hadi jioni. Karibu kila tatizo utakalokutana nalo limezaliwa na moja ya hayo matatu.

Miaka ya 1980 kulikuwa na matumaini makubwa kwamba mfumo endeshi mmoja ungeweza kutandazwa juu ya mashine nyingi na kuuficha utawanyiko wote. Andrew Tanenbaum na wenzake wa Vrije Universiteit mjini Amsterdam walijenga Amoeba, ambapo mtumiaji aliketi mbele ya skrini bila kujua programu yake inaendeshwa kwenye mashine ipi. Maabara ya Bell, Marekani, wakaja na Plan 9, ambayo kila kitu kwake ni faili, hata kilicho mashine ya mbali. Mifumo hiyo haikuenea, ila iliacha watoto. Lugha ya Python, ambayo huenda ndiyo unayoandikia programu zako, ilianzishwa na Guido van Rossum mwishoni mwa mwaka 1989 alipokuwa akifanya kazi kwenye mradi huo huo wa Amoeba.

Usihangaike kutafuta mfumo wa aina hiyo wa kufunga Kibiti. Weka Linux ya kawaida kila ghala, Debian au Ubuntu, na hifadhidata ndogo kama SQLite, kisha jenga makubaliano kati ya vituo juu yake. Kijana aliyetoka mafunzoni Dar es Salaam akikushauri Kubernetes, msikilize kwa heshima. Mtambo ule ulitengenezwa kwa kumbi zenye mashine nyingi zilizounganishwa kwa waya wa kasi, na ghala lenye laini moja ya simu na paneli mbili za sola litakuwa linautumikia mtambo badala ya mtambo kulitumikia ghala.

Kuna jambo moja tu ambalo natofautiana na waasisi wa Amoeba na Plan 9. Wao walitaka umbali ufichwe. Hapa delta, usiufiche. Kila ghala liweze kufanya kazi yake likiwa peke yake, na skrini imwonyeshe karani waziwazi kipi kimefika Kibiti na kipi bado. Yanayobaki katika mwongozo huu ni namna ya kulifanya hilo.

Anza na ukimya

Kibiti inatuma ujumbe Mbwera, jibu haliji. Huenda ujumbe haukufika. Huenda ulifika na jibu ndilo lililopotea njiani. Huenda mashine imezimika kwa sababu mawingu yalitanda siku nzima na betri haikujaa. Au iko hai ila mtandao unajikokota, na jibu litaingia baada ya saa moja. Ukiwa Kibiti, hali zote nne zinafanana kabisa. Mwaka 1985 Michael Fischer, Nancy Lynch na Michael Paterson walithibitisha kihisabati kwamba, kama ujumbe unaweza kuchelewa bila kikomo na hata mashine moja tu inaweza kufa, hakuna kanuni ya kuaminika inayohakikisha kwamba mashine zitafikia uamuzi mmoja kila mara. Tatizo halimo kwenye modemu yako. Limo ndani ya jambo lenyewe.

Kwa hiyo usiandike programu inayosema "Mbwera imekufa". Iandike iseme "Mbwera haijasikika tangu saa nne asubuhi", kisha mwenye akili timamu aamue. Programu nyingi huja zikiwa zimepangwa kukata tamaa baada ya nusu dakika. Ipitie mipangilio hiyo yote kabla ya msimu. Kwa kituo cha delta, kusubiri saa kadhaa kabla ya kumpigia karani simu si uzembe.

Mwaka 1994 Peter Deutsch, aliyekuwa kampuni ya Sun, alikusanya imani potofu za watengenezaji wa programu: kwamba mtandao haukatiki, kwamba ujumbe hufika papo hapo, kwamba bomba ni pana bila mwisho, kwamba kusafirisha data hakugharimu. Mwenye kununua bando kwa hela ya mfukoni hahitaji kuhubiriwa la mwisho. Muuzaji akikuletea mfumo, mwulize swali moja tu: mtandao ukikatika siku tatu katikati ya msimu, karani anaendelea kupima na kutoa risiti, au anawaambia wakulima warudi kesho? Jibu likianza na "kwa kawaida mtandao huwa…", mshukuru na umsindikize hadi stendi.

Jifunze kwa LUKU

Mfumo uliotawanyika ulio bora kuliko yote wilayani pengine umetundikwa ukutani kwako. Mita ya LUKU, yaani ya umeme wa kulipia kabla, haihitaji intaneti. Unalipa kwa simu, seva inatengeneza tarakimu 20, wewe unaziingiza kwa kidole. Zimekuja kwa SMS, au ndugu aliyeko Ikwiriri amekusomea kwa simu, au wakala amekuandikia kwenye kipande cha karatasi: mita haijali njia. Inajali mambo mawili. Je, tarakimu hizi zimetengenezwa na mwenye ufunguo wa siri wa mita hii? Na je, zimeshatumika? Ukiziingiza mara ya pili zinakataliwa. SMS ikichelewa unaomba tena, unaletewa zile zile, na hakuna anayepata hasara.

Chukua mambo yote mawili. Kwanza, kila ujumbe ubebe kila kitu kinachohitajika ili ueleweke peke yake, bila kutegemea ujumbe uliotangulia. Pili, kuupokea mara mbili kusilete madhara. Hili la pili ndilo dawa ya ule ukimya. Kama hujui ujumbe ulifika au la, na kuurudia hakudhuru, basi urudie mpaka upate jibu, huna sababu ya kubahatisha.

Ili kurudia kusidhuru, kila rekodi inahitaji namba isiyobadilika, na namba hiyo itolewe pale pale rekodi inapozaliwa. Mifumo mingi inayouzwa huomba namba ya risiti kutoka makao makuu, na hapo mtandao ukikata mzani nao unasimama. Ipe kila ghala herufi zake na hesabu yake. Gunia lililopimwa Mbwera linakuwa MBW-000417, Nyamisati wana NYM-000090, na hakuna siku namba hizo zitagongana hata vituo visipozungumza mwezi mzima. Kibiti ikipokea MBW-000417 kwa mara ya pili, inajibu "ninayo" na kuendelea.

Rekodi nzima ya mzani, yaani namba yake, namba ya mkulima, kilo, daraja na karani aliyepima, inaenea ndani ya herufi 160 za SMS moja. Tumia nafasi hiyo. Mara nyingi mnara unaoshindwa kupitisha data bado hupitisha SMS, ukiwa na subira.

Ongeza, usifute

Karani ameandika kilo 62.5 badala ya 26.5. Ukimruhusu arekebishe rekodi ile ile, utakuwa na MBW-000417 ya aina mbili, moja Mbwera na nyingine Kibiti, na hakuna atakayejua ipi ni mpya. Mlazimishe aandike MBW-000418: "inatengua 417, sahihi ni 26.5". Rekodi iliyoandikwa haiguswi tena. Wahasibu wa zamani wa ushirika walifanya hivyo kwa wino kabla kompyuta hazijafika Kibiti, na walikuwa sahihi.

Vivyo hivyo na masalio. Usitume "mkulima K0385 ana kilo 102.5". Tuma "ongeza 62.5" na "ongeza 40", na acha kila kituo kijumlishe chenyewe. Kujumlisha hakujali mpangilio. Ianze 40 au ianze 62.5, jumla ni ile ile. Masalio mawili yanayotofautiana yakikutana, lazima moja litupwe, na programu nyingi hutupa lenye saa ya nyuma. Hapo ndipo tunafika kwenye jambo gumu zaidi.

Saa haziaminiki

Watu wanazipenda Raspberry Pi kwa kuwa zinakula umeme kidogo wa sola. Lakini matoleo yote kabla ya Pi 5 hayana saa ya ndani kabisa, na hata Pi 5 inahitaji uiwekee betri ya saa. Ikiwaka bila mtandao, inaanza na tarehe yoyote iliyokumbuka. Kompyuta za mezani ambazo betri yake ndogo imekufa hufanya vivyo hivyo. Ukiamua nani alitangulia kwa kuangalia saa, mzigo utaonekana umepokelewa Nyamisati siku moja kabla ya kutoka Mbwera, na atakayeulizwa na wakaguzi ni wewe.

Hata LUKU ilifikiwa na saa. Kila tokeni ilibeba hesabu ya dakika zilizopita tangu tarehe 1 Januari 1993, na nafasi iliyotengwa kwa hesabu hiyo ilikuwa biti 24, yaani dakika 16,777,216 na si zaidi. Dakika hizo ziliisha tarehe 24 Novemba 2024. Ndiyo sababu mwaka huo shirika la umeme, TANESCO, liliwahimiza wateja kuboresha mita, na ukinunua umeme ukaletewa makundi matatu ya tarakimu 20 badala ya moja: mawili ya kubadilisha funguo za mita, la tatu ndilo umeme wenyewe. Waliotengeneza mfumo ule walijua tangu mwanzo kwamba siku hiyo itafika. Wewe nawe jiulize, namba za tarakimu sita ulizowapa maghala zitatosha misimu mingapi?

Njia ya kuepuka saa ilielezwa na Leslie Lamport mwaka 1978, na inaenea kwenye sentensi chache. Kila kituo kiwe na kihesabio. Kila tukio linakiongeza kwa moja. Kila ujumbe unabeba kihesabio cha aliyeutuma. Anayepokea analinganisha na chake, anachukua kilicho kikubwa, anaongeza moja. Tuseme Mbwera imefika 530 inapopakia magunia kwenye boti, na Nyamisati iko 112. Hati ya mzigo inasafiri na 530. Nyamisati ikipokea, inaruka hadi 531. Sasa kupokea kuna namba kubwa kuliko kutuma, saa za ukutani ziseme zinavyotaka. Kwa matukio mawili yasiyohusiana, kama gunia la Mbwera na gunia la Kibiti yaliyopimwa asubuhi moja, kihesabio hakikuambii lipi lilitangulia. Huna haja ya kujua, na unaokoa muda mwingi ukikubali hivyo.

Tatizo hili la taarifa kufika bila mpangilio si geni Rufiji. Kuanzia mwaka 1998 uliendeshwa hapa ufuatiliaji wa kaya katika eneo la kilometa za mraba 1,813, ikiwemo sehemu ya eneo ambalo sasa ni Wilaya ya Kibiti. Wadadisi walizunguka kila baada ya miezi minne wakiandika nani kazaliwa, nani kafariki, nani kahama. Mtu akihama Bungu kwenda Ikwiriri, kuondoka kwake huandikwa na mdadisi mmoja na kufika kwake na mwingine, na hakuna kinachozuia karatasi ya kufika itangulie ofisini kabla ya ile ya kuondoka. Kilichosaidia kazi ya aina hiyo ni namba ya kudumu ya kila mtu, pamoja na ukaguzi wa mantiki: aliyefariki hawezi kuhama baadaye, na asiyewahi kuingia hawezi kutoka. Iga hilo. Andika kanuni kama "mzigo hauwezi kupokelewa zaidi ya ulivyopakiwa", na rekodi inayovunja kanuni usiitupe. Iweke pembeni isubiri mwenzake. Mara nyingi mwenzake yuko kwenye boti.

Kazi ya mmoja, na zamu

Yapo mambo ambayo watu wawili hawawezi kuyafanya kwa wakati mmoja bila kuharibu. Mfano ulio wazi ulitokea ndani ya delta hii hii. Meli ya kivita ya Wajerumani, Königsberg, ilijificha kwenye mikondo ya Rufiji baada ya kuizamisha HMS Pegasus pale Zanzibar mwezi Septemba 1914. Tarehe 6 Julai 1915 Waingereza waliingiza meli mbili zinazokwenda kwenye maji ya kina kifupi, Severn na Mersey, zikifyatua mizinga juu ya mikoko bila kuiona shabaha. Ndege ilizunguka juu ikituma taarifa za redio: risasi imeanguka mbele, imeanguka nyuma. Meli zote mbili zikafyatua pamoja, na aliyeko angani akashindwa kujua risasi ipi ni ya nani, kwa hiyo masahihisho yake yakawachanganya wote wawili. Waliporudi tarehe 11 Julai walifyatua kwa zamu. Ndege ya rubani Cull na mtazamaji wake Arnold ilipigwa, na Arnold akaendelea kutuma masahihisho huku ikianguka. Königsberg ikaishia pale.

Kilichobadilika kati ya tarehe hizo mbili ndicho vitabu vya mifumo endeshi hukiita kuzuiana: mmoja akiwa ndani, mwingine anangoja. Ndani ya boksi moja ni rahisi, kuna kufuli kwenye kumbukumbu. Kwa maghala yaliyo mbalimbali, kufuli bora ni umiliki. Taarifa za mkulima, pamoja na akaunti yake ya benki, zibadilishwe na ghala alikosajiliwa tu, wengine wasome. Malipo yaanzishwe Kibiti tu. Sheria mbili hizo, zikibandikwa ukutani, huondoa migongano mingi kuliko programu yoyote utakayonunua.

Umiliki unakwama pale mwenye kumiliki anapozimika na kazi haiwezi kungoja. Hapo toa ruhusa yenye ukomo. Nyamisati inapewa haki ya kubadilisha taarifa za wakulima wa Mbwera kwa saa 48, halafu haki inakufa yenyewe bila mtu kuifuta. Ipe kila ruhusa namba inayopanda. Mbwera ikizinduka ikiwa na ruhusa namba 6 wakati Nyamisati ina namba 7, ya 6 haipokelewi popote, hata kama Mbwera yenyewe bado haijui kwamba imevuliwa. Na kwa kuwa saa haziaminiki, mwenye ruhusa aache kazi mapema, tuseme saa mbili kabla ya ukomo.

Akidi

Kuna maamuzi machache yanayotaka vituo vikubaliane kabla, na katika chama cha korosho naona mawili tu: kulipa, na kufunga hesabu ya mzigo unaopelekwa mnadani. Kwa hayo tumia akidi. Ni kama kikao cha kijiji kinachodai zaidi ya nusu ya wajumbe: wakifika, uamuzi ni halali, na kwa kuwa haiwezekani makundi mawili yote yakawa zaidi ya nusu, kijiji hakiwezi kutoa maamuzi mawili yanayopingana siku moja.

Mashine tatu zinahitaji mbili zikubaliane, kwa hiyo moja ikifa kazi inaendelea. Mbili zinahitaji zote mbili, kwa hiyo umeongeza gharama na hujapata kinga. Nne zinahitaji tatu, na bado zinavumilia kifo kimoja tu, sawa na tatu. Ndiyo maana mashine za akidi huwekwa kwa idadi witiri. Kanuni ya kuendesha akidi iliyo rahisi kuielewa inaitwa Raft, iliyochapishwa na Diego Ongaro na John Ousterhout wa Stanford mwaka 2014, na programu ya bure ya etcd inaitumia. Usiiandike mwenyewe.

Swali lenye uzito ni mashine hizo zikae wapi. Ukiweka mbili Kibiti na moja Nyamisati, umeme wa Kibiti ukikatika huna akidi. Ningeweka moja Kibiti, moja Nyamisati, na ya tatu kwenye seva ya kukodi Dar es Salaam. Mbwera nisingeiingiza. Itakuwa kimya mara nyingi, na mjumbe asiyefika vikaoni anaiongezea akidi mzigo bila kuisaidia. Mbwera ipime, ipokee, itoe risiti. Upigaji kura iwaachie wengine.

Na akidi ikikosekana? Eric Brewer alisema mwaka 2000, na Seth Gilbert na Nancy Lynch wakathibitisha mwaka 2002, kwamba mtandao ukigawanyika lazima uchague: ama unaendelea kujibu ukikubali kwamba majibu yanaweza kutofautiana, ama unakataa kujibu ili yasitofautiane. Chagua kwa kila kazi, si kwa mfumo mzima. Kupima kuendelee daima. Malipo yasimame. Mkulima atanung'unika akisubiri siku mbili, lakini chama kilicholipa magunia yale yale mara mbili huwa kinabaki na kesi.

Hitilafu huja kwa makundi

Vitabu hupenda kudhani kwamba mashine zinakufa kila moja kwa wakati wake. Mwaka 2024 ulitoa mfano tofauti. Mwezi Aprili mafuriko ya Rufiji yalizamisha mashamba na nyumba Rufiji na Kibiti. Tarehe 4 Mei Kimbunga Hidaya kilifika pwani yetu, na mvua zake zikaikata barabara ya Kilwa pale Somanga. Tarehe 12 Mei nyaya za baharini za EASSy na SEACOM zikakatika, na intaneti ikadorora nchi nzima. Ni wiki chache tu. Aliyekuwa na nakala ya akiba kwenye seva ya Ulaya na fundi wa akiba upande wa pili wa Somanga alidhani ana kinga mbili.

Kwa hiyo usihesabu nakala ngapi unazo. Uliza ni tukio gani moja linaloweza kuzichukua zote. Nakala mbili ndani ya ghala moja la Nyamisati zinazama pamoja. Laini mbili za simu za kampuni tofauti zinaweza kuwa zimefungwa mnara mmoja, ulizia. Seva ikiwa Dar es Salaam, data ya Kibiti hailazimiki kupita baharini kwenda na kurudi. Pia weka njia tatu za kusafirisha sanduku lile lile la rekodi zinazosubiri kutumwa: data, SMS, na flash inayopanda boti. Kwa kuwa kila rekodi ina namba yake na kurudia hakudhuru, unaweza kutumia njia zote tatu kwa siku moja bila hofu. Usiidharau flash. Ni ya polepole kuondoka, kwa sababu inangoja maji yajae, lakini ikifika inafika na picha zote za risiti ambazo laini ingezibeba kwa wiki.

Flash na kompyuta za vituo zifungwe kwa usimbaji, maana zina majina na akaunti za watu, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inakuhusu hata ukiwa ndani ya mikoko. Kila kituo kiwe na ufunguo wake wa kutia saini rekodi. Kompyuta ya Mbwera ikiibwa, unaubatilisha ufunguo mmoja, na maghala mengine hayaguswi.

Jaribu kabla ya msimu

Fanya majaribio mwezi Septemba, kabla ya korosho kuanza kumiminika. Chomoa mtandao karani akiwa katikati ya kupima, uone kama anatambua. Asipotambua kwa namna yoyote, skrini yako inaficha umbali. Rudisha saa ya Nyamisati nyuma miaka miwili. Ingiza faili lile lile la Mbwera mara tatu na uhakikishe jumla ya kilo haijasogea. Ingiza faili za wiki nzima kinyumenyume, ya Ijumaa kwanza. Zima umeme ghafla wakati hifadhidata inaandika, kisha washa na utafute rekodi iliyokatika nusu. Mwisho, jaribio ambalo wengi hulikwepa: nakili diski ya Mbwera kwenye kompyuta nyingine na uziwashe zote mbili kwa jina moja. Hilo hutokea kweli fundi anapobadilisha mashine na ile ya zamani ikawashwa na mtu mwingine, na kama Kibiti haipigi kelele, una maghala mawili yanayotoa MBW-000900.

Msimu ukiisha, usikubali kauli ya "tumetuma zote". Kila ghala litangaze namba yake ya mwisho kwa simu na kwa maandishi. Mbwera wakisema MBW-002316, Kibiti ihesabu kuanzia 1 hadi 2316 na kutoa orodha ya namba zilizokosekana. Omba hizo tu, si faili zima. Kama MBW-001204 haipo Kibiti wala Mbwera, tafuta kitabu cha risiti cha karatasi, ambacho ninatumaini hukukifuta kazi, na uiandike upya chini ya namba mpya yenye maelezo. Orodha ya mapengo ikiwa tupu, ichapishe, karani na mwenyekiti waisaini, na hapo ndipo unaruhusiwa kusafisha sanduku la Mbwera la rekodi zinazosubiri kutumwa.